Maisha ya Shaaban Robert, karani aliyemleta Omar Khayyam katika Kiswahili



Katika namba hii sisi kapita wa kalasi ya sita tumepewa ukurasa wa maisha ya watu wakubwa. Wengine walingojea tuandike juu ya mfalme ao jemadari. Hapana. Tumechagua karani wa forodha, ni kusema mtu aliyeketi mezani na kuandika hesabu ya mizigo inayoingia bandarini na ushuru wake. Hakuwa na diploma ya universite, mshahara wake ulikuwa mdogo, na alikufa miaka mingi mbele ya sisi kuzaliwa. Jina lake ni Shaaban Robert, mtu wa Tanga, katika nchi inayoitwa leo Tanzania.

Sababu ya kumchagua ni hii. Hapa Kamina tuko na luga tatu kichwani. Katika kalasi ni Kifransa, nyumbani kwa wengi ni Kiluba, na katikati ya hizo mbili, kwenye gare, sokoni, kwenye kiwanja cha mpira, ni Kiswahili. Na tunasikia mara nyingi, hata katika dortuari yetu, kwamba Kiswahili ni luga ya kununulia unga wa bukari na sombe, lakini mawazo makubwa na mashairi makubwa yanataka Kifransa. Anayesema vile hasemi kwa ubaya. Anaona tu kwamba mtihani wa Serikali mwisho wa kalasi ya sita unaandikwa Kifransa, basi anapima luga kwa mtihani. Sisi tunafikiri maisha ya huyu karani ni jibu kwa neno hilo. Lakini si jibu jepesi, na tutaeleza juu ya nini.

Alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 huko Vibambani, Machui, karibu na mji wa Tanga, wakati Wajerumani walipokuwa wakitawala. Ukoo wa baba yake ulikuwa wa Wayao, watu wa mbali kusini, lakini yeye mwenyewe alijihesabu kuwa Mswahili. Alikuwa Mwislamu, ijapokuwa lile jina la pili linatudanganya sisi Wakristo tukidhani ni ndugu wa kanisa. Baada ya vita ya kwanza Waingereza wakachukua nchi, na kijana Shaaban akapelekwa kusoma Dar es Salaam tangu 1922 hata 1926. Alipata cheti cha kumaliza shule, akiwa wa pili kati ya wanafunzi 11 waliofaulu. Masomo yake ya shule yakaishia hapo. Ukihesabu miaka, sisi tunaomaliza sekondari leo tumeketi kalasini zaidi kuliko yeye.

Mwaka ule ule wa 1926 akaingia kazi ya forodha, akaifanya karibu miaka 18. Mji mmoja alikokaa ni Pangani, penye mto mkubwa unaoingia baharini. Kisha, mwaka 1944, alihamishwa kwenye idara ya wanyama wa pori, akakaa Longido katika nchi ya Wamasai, mbali na bahari na mbali na watu wa luga yake. Mwaka 1946 akarudi Tanga kuwa karani katika ofisi ya mkuu wa wilaya, halafu tangu 1952 katika idara ya kupima ardhi. Hiyo ndiyo njia yote ya kazi yake: meza, wino, na mkubwa Mzungu upande wa pili wa mlango. Katika Serikali ya siku zile mishahara ilipangwa kwa rangi. Mwafrika alikuwa na kipimo chake, Mhindi chake, Mzungu chake, na karani mwenye akili hata namna gani hakuweza kuruka ule ukuta.

Lakini nje ya saa za kazi aliandika. Kwanza mashairi katika gazeti la Mambo Leo, ambalo wakati ule watu wa Tanganyika walilisoma sana, kisha vitabu. Aliandika mashairi, insha, hadithi, maisha yake mwenyewe, na tena maisha ya Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja ambaye mwaka 1928 alivuka bahari mpaka Bombay kutia sauti yake katika sahani za santuri. Aliandika tenzi kwa watoto wake, moja kwa binti na moja kwa mvulana, za kuwaonya namna ya kuishi. Alipofiwa na mke wake Amina alimwandikia shairi la maombolezo ambalo mpaka leo wanafunzi wa Tanzania wanalisoma. Hatutataja vitabu vyote, ni vingi mno kwa ukurasa huu. Tunataka kukaa kwenye viwili tu vilivyofuatana.

Cha kwanza ni Kusadikika, kilichotoka mwaka 1951. Ni hadithi ya nchi isiyokuwako duniani, iko angani. Mtu mmoja, Karama, anashitakiwa kwa sababu anataka kufundisha watu elimu ya sheria. Mbele ya mfalme anajitetea kwa kueleza habari za wajumbe sita ambao nchi hiyo iliwatuma zamani, huyu mashariki, huyu magharibi, huyu kaskazini, huyu kusini, mwingine juu, mwingine chini. Kila mjumbe alipata taabu njiani, akaona mambo mazuri ya watu wengine, akarudi nayo nyumbani ili nchi yake itengenezwe. Na kila aliporudi, badala ya kupewa asante, alitiwa gerezani. Karama anawataja mmoja mmoja mpaka mfalme mwenyewe anaona haya. Mwisho Karama anaachiliwa na wale wajumbe wanafunguliwa pia.

Watu wengi husoma kitabu hiki kama lawama iliyofichwa juu ya utawala wa wakoloni, na tunaona wana haki. Ila sisi tunaona kuna jambo lingine ndani yake. Shaaban Robert alikuwa akiwaza juu ya mtu anayekwenda kwa wageni na kurudi na kitu. Sasa angalieni mwaka unaofuata, 1952. Yeye mwenyewe anakuwa mjumbe. Anatoa kitabu kinachoitwa Omar Khayyam kwa Kiswahili.

Omar Khayyam ni nani? Wenzetu wa hesabu na fizika wafungue masikio. Alizaliwa Nishapur, katika Uajemi, ni kusema Iran ya leo, mwaka 1048, akafa huko huko mwaka 1131. Kwa watu wa wakati wake alikuwa kwanza mtu wa hesabu na nyota. Aliandika kitabu cha aljebra ambamo alionyesha namna ya kutatua ekwasio za daraja la tatu kwa kukatisha mistari iliyopindika, parabola na duara na nyinginezo, zile ambazo bado zinatutoa jasho katika kalasi ya tano. Pia alikuwa kati ya wataalamu waliotengeneza kalenda mpya ya Uajemi iliyoanza mwaka 1079, kalenda iliyofuata jua kwa uhakika mkubwa sana. Na mtu huyo wa tarakimu ndiye anayesemwa kuwa mtungaji wa vishairi vifupi vya mistari minne, ambavyo kwa Kiajemi huitwa rubai. Vinasema juu ya ufupi wa maisha, juu ya mavumbi tutakayokuwa, juu ya waridi, na juu ya divai. Divai nyingi. Tutarudi hapo.

Vishairi hivyo vilikaa katika Kiajemi miaka zaidi ya 700. Halafu mwaka 1859 Mwingereza mmoja, Edward FitzGerald, alichapisha London kijitabu cha mafungu 75 kwa Kiingereza bila kutia jina lake. Mwanzo hakikununuliwa. Kiliishia katika sanduku la vitabu vya bei ya senti moja mbele ya duka. Miaka miwili baadaye, watu waliopenda mashairi wakakiokota pale, wakaonyeshana, na kidogo kidogo kikawa kati ya vitabu vya mashairi vilivyosomwa kupita vyote kwa Kiingereza. Kila aliyejua Kiingereza katika makoloni aliweza kukutana nacho. Karani wa Tanga naye alikutana nacho.

Basi njia ni hii: Nishapur, London, Tanga. Kiajemi, Kiingereza, Kiswahili. Shaaban Robert alifasiri kutoka Kiingereza cha FitzGerald.

Lakini kitu kimoja kilitushangaza tulipoanza kuchunguza maneno. Yule mgeni wa Uajemi alipofika Tanga hakukuta nyumba ngeni. Neno rubai limetoka katika Kiarabu, katika mzizi wa hesabu ya nne, na ni mzizi ule ule uliotupa sisi neno robo. Yaani ukienda sokoni na kuomba robo kilo ya sukari, umetamka nusu ya jina la kitabu cha Omar. Tena Kiswahili kilikuwa na maneno ya Kiajemi zamani sana, yaliyoletwa na majahazi: bandari, bustani, dirisha, hata serikali. (Sisi wa Katanga tunasema pia Leta, neno la Kifransa, basi tuko na serikali mbili katika kinywa kimoja.) Na juu ya hayo yote, ubeti wa mistari minne ni nyumba ya kale ya mashairi ya pwani. Mshairi wa Kiswahili hakuwa na haja ya kujenga kibanda kipya kwa ajili ya mgeni. Alimwambia karibu, akampa kiti.

Sasa tuje kwenye shida, maana tuliahidi kwamba jibu si jepesi.

Shida ya kwanza ni divai. Mtu huyu alikuwa Mwislamu wa kweli, na vitabu vyake vinajaa mafundisho ya maadili. Sasa anachukua kitabu ambamo mtu anakaa chini ya mti na kikombe mkononi, akisema habari ya kesho haijulikani, na anakileta kwa wasomaji wake wa pwani, ambao wengi wao ni Waislamu pia. Juu ya nini? Jambo hili tulilijadili katika mkutano wa wanafunzi wa luga na fasihi, na saa moja haikutosha. Kuko waliosema divai katika mashairi ya Uajemi ni mfano tu, ni ulevi wa roho inayomtafuta Mungu. Ni kweli kwamba wataalamu wengi wamefahamu hivyo, na wengine wengi wamekataa, wakisema divai ni divai. Mwenzetu mmoja, mtoto wa mchungaji, alisema kwamba mtu anayefasiri hana ruhusa ya kumtengeneza aliyeandika. Kama amemkubali mgeni, amkubali na kikombe chake. Mwingine akajibu kwamba mwenye nyumba ana haki ya kuchagua mgeni.

Sisi mawazo yetu ni haya. Ukisoma vitabu vingine vya Shaaban Robert unaona mtu anayefikiri sana juu ya kifo, juu ya wakati unaopita, juu ya mali kuwa bure. Mtu wa namna hiyo, akifungua Omar, atamkuta ndugu. Hawakufanana katika kikombe, walifanana katika kaburi. Na Biblia yetu wenyewe iko na kitabu cha Mhubiri, ambacho kinasema kwa ukali juu ya ubatili wa mambo yote, na hakuna aliyekiondoa. Kwa hiyo tunafahamu kwamba mtu wa dini anaweza kubeba maneno ya mtu mwenye mashaka mpaka mlangoni mwa watu wake, bila kuogopa kwamba mlango utaanguka.

Shida ya pili ni kubwa kuliko ya kwanza, na wachache wameifikiri. FitzGerald hakufasiri kwa unyofu. Yeye alichukua vishairi ambavyo katika Kiajemi kila kimoja kinasimama peke yake, akavipanga kama habari ya siku moja, tangu asubuhi hata usiku. Mara nyingine aliunganisha viwili kuwa kimoja. Mara nyingine alitia mawazo yake. Tena wataalamu wanabishana mpaka leo ni vishairi vingapi vilivyotungwa kweli na Omar na vingapi vilipachikwa jina lake na watu wa baadaye. Basi yule aliyefika Tanga alikuwa Omar gani? Ule wa Nishapur, ao ule wa Mwingereza?

Mtu atasema kazi ya Shaaban Robert imekuwa bure, maji yaliyochotwa katika ndoo ya tatu. Hatukubali. Fikiri juu ya Zaburi. Zaburi ni mashairi ya Kiebrania, sisi tunaziimba na kuzisoma kwa Kiluba na kwa Kiswahili, na wengi wa wamisionari na wasaidizi wao Waafrika waliofanya kazi ya kufasiri katika Afrika walikuwa na Kiingereza ao Kifransa mkononi pamoja na maandiko ya asili. Mpangilio wa sauti za Kiebrania umepotea njiani. Michezo ya maneno imepotea. Lakini mama anayelia usiku katika mtaa wa Kamina akifungua Zaburi anapata kitu, na kitu hicho si cha uongo. Kazi ya kufasiri ina hasara kila mara. Swali ni kama kilichobaki kinatosha kumlisha mtu.

Na tusidhani kwamba kupokea mashairi kupitia luga ya tatu ni umaskini wa Afrika peke yake. Kuko nchi ndogo ya Ulaya, Slovenia, yenye watu milioni mbili hivi. Zamani ilikuwa chini ya wafalme wa Austria, na mtu aliyesoma alipaswa kutumia Kijerumani. Kislovenia kilikuwa luga ya shamba na jikoni, vile vile wengine wanavyosema juu ya luga zetu. Kitabu cha kwanza kilichochapishwa kwa Kislovenia kilitoka mwaka 1550, na aliyekiandika alikuwa Mprotestanti, Primož Trubar, aliyekimbilia Ujerumani sababu ya imani yake. Lakini mashairi makubwa yalingoja miaka karibu 300. Aliyeyaleta ni France Prešeren, aliyezaliwa mwaka 1800 na kufa 1849. Huyu alisoma sheria Vienna, akarudi Ljubljana, akakaa miaka mingi msaidizi katika ofisi ya mwanasheria mwingine, juu ya kazi yake mwenyewe ilikataliwa mara kwa mara. Mtu wa meza na wino, kama wa Tanga.

Prešeren aliweza kuandika mashairi kwa Kijerumani, na aliandika. Lakini moyo wake aliutia katika Kislovenia. Na alifanya nini? Alikwenda kuchukua nyumba za mashairi za mataifa mengine. Kutoka Italia alichukua soneti. Na mwaka 1833 alitoa mashairi ya namna ya ghazali. Ghazali ni ya nani? Ni ya Waarabu na Waajemi! Ilimfikia kwa njia ya washairi Wajerumani waliokuwa wameipenda. Basi angalieni: Uajemi, Ujerumani, Slovenia, na tena Uajemi, Uingereza, Tanganyika. Wajumbe wawili ambao hawakujuana hata kidogo, mmoja amekufa miaka 60 mbele ya mwingine kuzaliwa, wote wawili waliupokea utajiri wa watu wale wale kwa njia ya luga ya watawala wao. Leo fungu moja la shairi la Prešeren ni wimbo wa taifa la Slovenia, na mashairi yake yamefasiriwa katika luga nyingi. Tumesoma habari hii mara mbili kwa sababu mara ya kwanza hatukuamini.

Njia ya mashairi, tena, si ya kwenda upande mmoja. Pwani yetu ya Kiswahili ilitoa pia. Katika mwaka 1728, huko Pate, Bwana Mwengo aliandika utenzi mrefu juu ya vita vya Waarabu na Herekali, mfalme wa Rumi ya mashariki. Habari yake ilitoka katika hadithi za Kiarabu, na mfalme wenyewe alikuwa wa Wagiriki. Miaka zaidi ya 120 baadaye, mwaka 1854, mmisionari Mprotestanti Johann Ludwig Krapf, aliyekaa Rabai karibu na Mombasa, alituma Ujerumani maandiko ya tenzi za Kiswahili, na huo utenzi ulikuwa ndani. Hivi Ulaya ilijua kwamba Waswahili wana mashairi ya kuandikwa. Wagiriki, Waarabu, Pate, Ujerumani. Nani mgeni hapo na nani mwenye nyumba?

Shaaban Robert alijua desturi hiyo vizuri. Vita ya dunia ya 1939 mpaka 1945 ilipopita, aliichukua yote, Hitler na Mussolini na majeshi ya Ulaya na Asia, akaitia katika utenzi, umbo lile lile la kale la mistari mifupi ya mizani nane, beti karibu 3000. Mzee wa Pate angefahamu sauti yake mara moja, ijapokuwa asingefahamu ndege za vita. Na mashairi yake mwenyewe, katika kitabu cha Almasi za Afrika, yalitoka pamoja na tafsiri ya Kiingereza, ili Waingereza nao wapokee. Hapo tunaona kwamba hakutaka kuwa mpokeaji tu. Aliyetoa mkono kuchukua alitoa mkono wa pili kuleta.

Heshima alipata, lakini si kwa kipimo cha kazi. Waingereza walimpa nishani ya MBE. Alikuwa katika halmashauri ya Kiswahili ya Afrika Mashariki, mahali ambapo Waafrika walikuwa wachache. Pia alipewa medali ya kumkumbuka Margaret Wrong. Wanafunzi wa shule yetu wajue jina hilo: alikuwa mama Mprotestanti wa kutoka Canada, aliyefanya kazi London tangu 1929 katika kamiti ya vitabu vya Kikristo kwa Afrika, akatembea nchi nyingi akitafuta waandishi Waafrika, akafia Uganda mwaka 1948. Medali ya ukumbusho wake ilitundikwa kifuani mwa Mwislamu, na hatujasoma popote kwamba mtu alilalamika.

Lakini medali hailipi karo. Mwandishi wa luga ya Kiafrika wakati ule alikuwa chini ya matbaa za mbali, London na Johannesburg, ambazo zilingoja miaka kabla ya kuchapa. Utenzi wake wa vita ulitoka mwaka 1967, naye alikuwa kaburini. Alistaafu kazi ya Serikali mwaka 1960. Aliona uhuru wa Tanganyika tarehe 9 Desemba 1961, akaishi nusu mwaka tu baada yake. Alikufa Juni 1962, na umri wake ulikuwa miaka 53.

Mlango alioufungua haukufungwa. Mwaka 1963, mwaka mmoja tu baada ya kifo chake, Rais Julius Nyerere mwenyewe alichapisha mchezo wa Shakespeare juu ya Julius Caesar kwa Kiswahili, na mwaka 1969 akaongeza Mabepari wa Venisi. Nyerere hakutumia vina vya pwani, alifuata mistari isiyo na vina kama ile ya Kiingereza, na wengine hawakufurahi. Tunasema tu kwamba kiongozi wa nchi hawezi kukaa usiku na kamusi kwa ajili ya luga ya sombe. Na kwa sisi wa upande wa Kifransa kuna habari njema: maisha ya Shaaban Robert, aliyoyaandika mwenyewe, yalifasiriwa Kifransa na kutoka Paris mwaka 2010. Basi hata anayesema kwamba mawazo makubwa yanataka Kifransa, ayafuate huko, atamkuta karani wa Tanga amefika mbele yake.

Bado kuko neno moja, nalo linatuuma. Kiswahili cha Shaaban Robert si Kiswahili chetu cha Kamina. Sisi tunasema batu na bintu, tunachanganya Kiluba na Kifransa, na tukifungua kitabu chake tunahitaji mwalimu pembeni. Luga hii ilifika kwetu na wafanya biashara wa mashariki, ikakua na migodi na njia ya reli, ile inayokatana hapa hapa mjini kwetu, ya Ilebo na ya Kabalo. Imekuwa luga ya kazi mbele ya kuwa luga ya vitabu. Je, shairi la wageni likija leo Kamina, litavaa nguo ya Tanga ao ya gare? Katika mkutano wetu walimu wawili walipingana juu ya jambo hili mbele ya wanafunzi, kwa heshima lakini kwa nguvu, na hakuna aliyeshinda. Sisi tumeelekea upande wa yule aliyesema kwamba mtoto wa Myao aliyejifanya bwana wa Kiswahili hakungoja ruhusa ya mtu wa Lamu.

Tumejaribu kidogo. Kalasi ya sita tulichukua shairi fupi la Kifransa la kitabu cha masomo, tukaligawanya kwa vikundi vinne. Vikundi vitatu viliishia na maneno sahihi yasiyoimbika. Cha nne kilitupa neno moja kati ya matatu na kikaleta kitu ambacho wavulana wa kalasi ya kwanza sasa wanakiimba wakifua nguo. Jirani zetu wa Kasai wamekwisha kuona kasala zao zikichapishwa pamoja na Kifransa, kazi iliyofanyika kwa sehemu hapo Lubumbashi. Nyimbo za wazee wetu Waluba wa huku bado nyingi ziko kinywani tu, hazijaingia Kifransa, hazijaingia Kiswahili.

Kwa hiyo tunatangaza hivi. Anayejua wimbo wa sifa kutoka kwa babu ao nyanya yake, auandike kwa Kiluba kama unavyosemwa, bila kuusafisha, na chini yake aweke Kiswahili chake, cha Tanga ao cha gare, vile anavyoweza. Walete karatasi kwa kapita wa kalasi zao kabla ya Ijumaa ya mwisho wa mwezi. Prefe amekubali kutuachia kurasa mbili katika namba inayofuata. Mwenye kuandika kwa penseli aandike kwa nguvu, maana anayepiga mashini ana macho mabovu.